ASKARI WA MBUGA NA MWENYE JEMBE

Hifadhi ya Katavi, iliyotangazwa mwaka 1974, ina kilomita za mraba 4,471. Askari hawawezi kuwa kila mahali. Mlinzi wa kwanza, basi, ni mkulima wa Sitalike, aonaye nyayo za jangili kabla yao. Lakini tembo wakimla mahindi, mkulima huyo hubaki akingoja kifuta jasho. Akikutwa na kuni ndani ya mpaka, huitwa mhalifu.

Twasema: sheria ifuatwe. Lakini bunduki huleta woga, haileti habari. Askari amheshimu mkulima na kufika upesi aitwapo. Kifuta jasho kisicheleweshwe. Nasi wananchi tusimfiche jangili, hata awe ndugu yetu. Mali hii ni yetu sote.