Siwa ya Pate na heshima ya nyumba zetu

Msimu wa harusi umewadia, na hapa Mkuza, kama ilivyo kwingineko Kibaha na Kisarawe, heshima ya nyumba imeanza tena kupimwa kwa hesabu: magari mangapi, ukumbi gani, sare za rangi ipi. Familia zinakopa ili zisisemwe. Kabla ya kulaumu au kusifu, tumeona ni vyema tuwatazame watu wa pwani yetu waliotutangulia, wakuu wa enzi za Pate, ambao waliijua heshima ya kuonekana kuliko sisi. Historia yao ina mafunzo mawili yanayovutana, na yote mawili yanatuhusu.

Pate ni mji uliomo katika kisiwa cha jina hilo hilo, karibu na Lamu, kaskazini mwa pwani ya Kenya. Watawala wake walikuwa wa ukoo wa Nabahani, ulionasibishwa na Omani. Katika karne ya 17 na ya 18 mji huo ulitajirika kwa biashara ya pembe za ndovu na kwa nguo za hariri zilizofumwa humo na kutafutwa pwani nzima. Katika kuta za nyumba za wakubwa mafundi walitia zidaka za chokaa, na ndani yake vikapangwa vyombo vya kaure vilivyotoka China. Aliyeingia barazani alijua mara moja yuko kwa nani.

Lakini alama iliyopita zote ilikuwa siwa, yaani baragumu kubwa linalopulizwa kwa tundu la ubavuni. Siwa haikuwa chombo cha kujiburudisha. Ilikuwa sauti ya enzi. Ililia katika sherehe za watawala na za koo kubwa zilizokubaliwa, na nyumba iliyonyimwa siwa ilikuwa imeambiwa mbele ya mji mzima kwamba haina cheo. Hata Unguja, Mwinyi Mkuu wa Dunga alikuwa na siwa na ngoma zake, na watu walizitazama kama sehemu ya utawala wenyewe.

Habari za Pate, yaani masimulizi ya mji huo yaliyoandikwa kutokana na kumbukumbu za wazee wake, yanamtaja Mwana Darini, bibi wa ukoo mkubwa ambaye mumewe aliuawa katika ugomvi wa watawala. Mtawala alipoandaa sherehe ya jando katika nyumba yake, bibi huyo naye akaazimu kumtia jandoni mwanawe. Siwa ya mji ilikuwa mikononi mwa mtawala. Mwana Darini hakutafuta wa kumshikia upanga. Alimwita fundi hodari wa nakshi, akamwagiza amchongee siwa mpya ya pembe za ndovu. Siku ilipofika, mji ukasikia sauti ya pili. Siwa ya pembe ya Pate, yenye urefu wa takriban mita 2, imesalimika hadi zama zetu, na mapokeo huinasibisha na bibi huyo.

Tuitafakari habari hii kwa makini. Mjane alikuwa amenyang'anywa mume, na sasa mwanawe alikuwa hatarini kunyang'anywa nafasi yake katika mji. Kwa kazi ya mikono ya fundi mmoja alitamka kwamba nyumba hii haijafa. Hapo tunaona kwa nini wafalme huwaweka wasanii karibu nao: anayemiliki sauti, nakshi na neno, anamiliki pia hukumu ya nani ni mtu na nani si mtu. Na tunaona pia kwamba sanaa ikishatoka mkononi mwa mtawala mmoja haimtii tena yeye peke yake.

Neno nalo lilipewa makao katika enzi hiyo. Mwaka 1728 Mwengo bin Athumani aliandika huko Pate, kwa ajili ya mtawala, Chuo cha Herekali, ambacho wengi wanakiita Utendi wa Tambuka, juu ya vita vya Waislamu na dola ya Rumi. Ni miongoni mwa maandiko ya kale kabisa ya Kiswahili yanayojulikana, nayo yameandikwa kwa herufi za Kiarabu. Basi mali ile ile iliyonunua kaure ilimlisha pia mtu wa kalamu. Kaure nyingi zimevunjika. Utendi ungali unasomwa.

Upande wa pili wa historia ni mchungu. Ndugu wa ukoo wa Nabahani waligombania kiti kizazi baada ya kizazi, na ugomvi wao ukawafungulia mlango wageni. Takriban mwaka 1812 jeshi la Pate na washirika wake Wamazrui wa Mombasa lilishindwa na watu wa Lamu katika vita vya Shela, na baada ya hapo Pate haikuinuka tena. Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir aliutazama mji huo ukiporomoka, akatunga Al-Inkishafi, utungo unaousemesha moyo na kuuonyesha nyumba za wakwasi zilizobaki tupu. Siwa iliuambia mji nani mkubwa. Mshairi huyu aliwauliza wakubwa wenyewe wamekwenda wapi.

Wala tusisahau bei ya fahari hizo. Mwaka 1776 Sultani Hassan bin Ibrahim wa Kilwa alikubaliana kwa mkataba na Mfaransa aitwaye Morice ampatie watumwa 1,000 kila mwaka. Tunapoyastaajabia magofu ya Makutani kule Kilwa Kisiwani, uadilifu unatutaka tukumbuke kwamba enzi za pwani zilitajirika pia kwa jasho na machozi ya watu waliotolewa bara, wakiwamo wazee wa baadhi yetu. Kuwapenda waliotutangulia si kuwafichia.

Basi tuchukue lipi? Wapo watakaosema Mwana Darini naye alifanya mashindano, kwa hiyo nasi tusilaumiwe. Tofauti ipo. Yeye alidai haki ya yatima iliyokanyagwa, na alichotengeneza kimedumu. Sisi mara nyingi tunashindania vitu vya kukodi: asubuhi ukumbi una bibi harusi mwingine, na deni linabaki kwa baba. Karamu ni njema, na kuitangaza ndoa ni jambo lenye asili katika dini yetu. Lakini tuulize kila mara ni kitu gani kitakachobaki nyumbani wageni wakishaondoka.

Mwana Kupona binti Mshamu, mjane wa Bwana Mataka aliyetawala Siyu katika kisiwa hicho hicho cha Pate, alilijibu swali hilo kwa vitendo. Mwaka 1858, akiwa mgonjwa, alimtungia binti yake utendi wa mawaidha. Mumewe alikuwa mtawala, lakini Siyu ya enzi hizo tunaikumbuka leo zaidi kwa wino wa mama huyo.

Sisi wa Mkuza hatukurithi kasri. Lakini Bagamoyo na magofu ya Kaole yamo katika mkoa wetu huu wa Pwani, na katika nyumba zetu huenda yamo masanduku ya mabibi yenye karatasi za khati za kale, kasida na barua. Zisichomwe wakati wa kufagia. Zipelekwe kwa wanaoweza kuzisoma, na watoto wasomewe. Wazee waombwe kusimulia, na vijana waandike. Na kila harusi itengewe fungu la kitu kitakachodumu, liwe kitabu, mashine ya kushonea au ada ya masomo ya wanandoa. Juu ya yote, ndugu wapatanishwe mapema, kwani nyumba ya Nabahani iliangushwa na waliokuwa ndani.

Mwenyezi Mungu azihifadhi nyumba zetu na fitina, na atujaalie kuacha nyuma yetu kheri inayodumu. Amin.