Ufundi wa Majahazi ni Amana

Kila kizazi hurithi mali ya namna mbili: ile iwekwayo sandukuni, ambayo hata mtoto mchanga aweza kuipokea naye yu usingizini, na ile iliyomo mikononi na machoni mwa mwenyewe, ambayo hairithiki ila kwa kufunzwa, na katika hii ya pili umo ufundi wa kuunda vyombo vya bahari, uliowapa watu wa Lamu riziki na heshima tangu kale.

Mtepe watutosha kuwa ibra. Chombo hicho, ambacho mbao zake zilishonwa kwa kamba za makumbi ya nazi na tanga lake likawa la mkeka, kilipita katika mwambao huu kwa karne nyingi. Lakini mafundi wake walipofariki pasipo warithi, ujuzi wao uliingia nao kaburini, na leo atakaye kuujua hana budi kutazama vielelezo katika majumba ya makumbusho.

Jahazi nalo litafuata njia hiyo tusipozinduka. Fundi wa kijiji cha Matondoni, kisiwani Lamu, akisha kuutandika mkuku, huchagua miti iliyopinda kwa maumbile yake iwe mataruma, akiipima kwa jicho wala si kwa ramani. Na mwanafunzi atiapo kalafati, akiishindilia pamba baina ya mbao, fundi hujua kwa mlio wa nyundo kama imekaa au haijakaa. Ni kitabu gani kitakachomfunza kijana mlio huo?

Wako wasemao kwamba boti za faiba na mashine zimeiondoa haja ya tezo na keekee, na kwamba kijana wa leo ni wa skuli tu. Lakini skuli na tezo si wake wenza hata wagombane. Kijana aweza kusoma asubuhi na kushika tezo wakati wa likizo. Mwaka 2001 Mji wa Kale wa Lamu uliandikwa katika orodha ya Urithi wa Dunia, na kuta zake zikapata walinzi. Je, mikono ya mafundi ina mlinzi gani isipokuwa sisi wenyewe?

Basi, enyi wazazi, wapelekeni vijana ufuoni, kwani udongo uwahi ungali maji. Enyi mafundi, msiufiche ujuzi kwa kuhofia mshindani. Nanyi wenye madaraka, walipeni wazee hao ujira wa ualimu, ili kaskazi ijayo isimkute fundi hata mmoja akifanya kazi pasipo mwanafunzi ubavuni pake.