Neno Hutangulia Moto

Wako watu wasemao ya kuwa vitabu vya marehemu Profesa Seithy Chachage havifai kusomwa na watu wa vijijini, kwa kuwa vyafitinisha raia na Serikali. Hata mwalimu mwenzangu mmoja, mtu wa elimu nzuri, aliniambia hivyo tukiwa sokoni Tengeru. Mimi nakataa.

Chachage alizaliwa mwaka 1955 na kufariki mwaka 2006. Alifundisha elimu ya jamii katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, akaandika juu ya migodi, juu ya utalii, na juu ya nguvu zitumiwazo kuwaondoa watu mahali penye mali. Wala hakuandika Kiingereza tu, kama wataalamu wengi wafanyavyo, bali alitunga na riwaya za Kiswahili. Ile ya mwaka 2002, Makuadi wa Soko Huria, yagusa shauri la delta ya Rufiji, ambako mwishoni mwa miaka ya 1990 kampuni ilitaka kufuga kamba palipo mikoko na wavuvi. Nililojifunza mimi katika maandiko yake ni hili: nguvu za dola haziji peke yake. Hutanguliwa na neno zuri, na neno likiisha kukubaliwa, kazi ya bunduki huwa nyepesi.

Yezebeli naye hakuanza kwa mawe. Alianza kwa barua zenye muhuri wa mfalme, akatangaza na mfungo. Ndipo Nabothi akapigwa mawe, na shamba lake la mizabibu likatwaliwa.

Na nani katika Meru asiyelijua jambo hili? Mwaka 1947 ilitolewa taarifa ya tume ya Jaji Mark Wilson juu ya ardhi ya Arusha na Moshi. Haikusema kwamba Wameru wanyang'anywe. Ilisema kwa lugha ya mpango: mashamba ya Wazungu kati ya Meru na Kilimanjaro yaungane yasikatizwe, nao Wameru wa Ngarenanyuki wapewe ardhi mahali pengine. Ng'ombe wa nyama na wa maziwa wangefugwa pale kwa utaalamu, na nchi nzima ingenufaika. Ni nani angebishana na maziwa?

Novemba 1951 askari walifika. Nyumba zilichomwa moto, mifugo ikaswagwa, watu wapatao 3,000 wakaondolewa. Wameru walikataa fidia. Mwaka 1952 Kirilo Japhet alikwenda hata New York, pamoja na wakili Earle Seaton, akasimama mbele ya Umoja wa Mataifa akaeleza yaliyotendeka. Wengi walimsikiliza kwa huruma, lakini katika Baraza Kuu kura hazikufika theluthi mbili. Na ule ufugaji wa kitaalamu? Haukudumu, na hatimaye ardhi ilirudi kwa Wameru.

Mwenzangu alijibu, "Hao walikuwa wakoloni. Sasa twajitawala." Ni kweli, nami naishukuru siku ile ya mwaka 1961 kama yeye aishukuruvyo. Lakini Juni 2022, katika mkoa wetu huu huu, alama za mipaka zilipandwa Loliondo kutenga kilomita za mraba 1,500, na Wamasai walioitumia ardhi ile kwa malisho walipopinga, kukawa na risasi na majeruhi, na wengine wakakimbilia Kenya. Neno la safari hii lilikuwa uhifadhi. Sisemi mambo haya mawili ni sawasawa. Wanyama na chemchemi za maji vyahitaji ulinzi kweli, na askari polisi aliyeuawa huko alikuwa mtoto wa mtu. Nasema tu ya kwamba anayesikia neno zuri na asiulize ni nani atakayehama, amekwisha kupiga kura bila kujua.

Wala sisi walimu tusijitoe katika lawama. Maneno haya watoto huyapata kwetu. Mwaka jana niliwapa wanafunzi wangu insha, "Faida za Uwekezaji." Wote waliandika barabara, mishahara, zahanati, kama nilivyowaandikia ubaoni. Msichana mmoja tu, ambaye bibi yake alihamishwa Ngarenanyuki akiwa mtoto, aliandika ukurasa mzima juu ya wale waliokuwapo kabla ya mwekezaji. Nikamwandikia kwa wino mwekundu: "Umetoka nje ya mada." Nikampa alama 4 katika 20.

Nilipomaliza kusoma Chachage nililitafuta daftari lile. Msichana amekwisha kuhamia shule nyingine, na daftari alikwenda nalo.