Ibn Hajar Yupi? Tuwafundishe Watoto Majina Kamili



Ndugu msomaji, sisi tunaoishi chini ya Mlima Meru tumezoea kuwasahihisha wageni. Mgeni akisikia Wameru, huenda akauliza habari za Mlima Kenya, kwani huko nako uko mji wa Meru na wako Wameru, ambao lugha yao siyo ya Wameru wa Akheri na Nkoaranga. Kadhalika ipo Arusha hii, na ipo Arusha Chini iliyo kusini ya Moshi. Jina ni moja, mahali ni pawili.

Yaliyo kwa miji ni hayo hayo kwa waandishi wa vitabu. Lakini hapo hasara ni kubwa zaidi, kwa kuwa mtu anayekosea njia hurudi, na anayekosea kitabu huenda akajengea ibada yake juu ya kosa hilo.

Tuchukue maneno yanayosikika sana katika darsa zetu: "Amesema Ibn Hajar." Yupi? Yuko Ibn Hajar al-Asqalani, aliyefariki mwaka 852 Hijria (1449), bingwa wa hadithi, mwenye Fat'h al-Bari na Bulugh al-Maram. Yuko pia Ibn Hajar al-Haytami, aliyefariki Makka mwaka 974 Hijria, mwenye Tuhfat al-Muhtaj, kitabu cha fiqhi kinachofafanua Minhaj ya Imamu Nawawi. Wote wawili asili yao ni Misri, na wote ni Mashafii, lakini kati ya vifo vyao imepita zaidi ya karne moja. Anayetaja fatwa ya huyu kwa jina la yule amemtwika marehemu kauli asiyoisema. Tena yupo Nuruddin al-Haythami, mwenye Majma' az-Zawaid, ambaye alikuwa mwalimu wa al-Asqalani. Mwandishi mwenye haraka huandika Haytami na Haythami kwa sura moja, na hapo watatu huchanganyika.

Pwani yetu nayo ina mifano yake. Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui wa Mombasa (1891–1947), Kadhi Mkuu wa Kenya, ndiye aliyeanzisha gazeti la Sahifa mwaka 1930 na Al-Islah mwaka 1932. Mwanawe, Profesa Ali Al'amin Mazrui (1933–2014), aliandika kwa Kiingereza juu ya siasa na historia ya Afrika. Kisha yuko Profesa Alamin Mazrui, mtunzi wa tamthilia ya Kilio cha Haki (1981) na diwani ya Chembe cha Moyo (1988). Mzazi anayetafuta mafunzo ya dini ya Sheikh Al-Amin huenda akarudi nyumbani na tamthilia. Ni kitabu chema, lakini sicho alichokikusudia.

Unguja nako, Sheikh Abdullah Saleh Farsy ndiye mfasiri wa Qurani Takatifu (1969), na Muhammad Saleh Farsy ndiye mwandishi wa hadithi ya Kurwa na Doto (1960). Atakayesoma "Saleh Farsy" peke yake mgongoni mwa kitabu hajajua bado ameshika nini.

Chanzo chake si kigeni kwetu. Mtoto hupewa jina la babu, kisha hufuatiwa na jina la baba, hata Al-Amin wa Ali akamzaa Ali wa Al-Amin. Katika madrasa zetu za Ngarenaro na Kaloleni, Juma Abubakari huketi mkeka mmoja na Abubakari Juma, na hakuna mwalimu anayekubali kumpa mmoja alama za mwenziwe.

Wanazuoni wetu hawakulichukulia jambo hili kuwa dogo. Al-Khatib al-Baghdadi, aliyefariki mwaka 463 Hijria (1071), alitunga kitabu kizima, al-Muttafiq wal-Muftariq, juu ya wapokezi wa hadithi wenye majina yaliyo sawa. Alijua kwamba mpokezi dhaifu akidhaniwa kuwa mwaminifu, hadithi dhaifu hupita kama sahihi. Na Qur'ani, katika Sura ya Al-Ahzab aya ya 5, imeamuru watu waitwe kwa baba zao. Kumpa kila mtu nasaba yake ni katika uadilifu.

Basi, wazazi, kabla ya kulipia kitabu, someni jina lote hadi nisba ya mwisho, tazameni mwandishi aliishi lini, kisha fungueni faharasa mwone kinazungumzia nini. Kitabu kikiwa cha fiqhi au tafsiri, mwulizeni ustadhi kwanza. Na mtoto akileta nyumbani neno la mwanachuoni, mwulizeni kwa upole: mwana wa nani, wa wapi, katika kitabu gani? Akizoea kujibu matatu hayo angali mdogo, hatakuja kumsingizia mwanachuoni akiwa juu ya mimbari.

Wabillahi tawfiq.