Sheikh Ibn Hajar na Tauni

Wengi wetu twamjua Sheikh Ibn Hajar al-Asqalani kwa Bulugh al-Maram, tuliyoisoma darsani. Wachache wakijua kitabu chake cha tauni, Badhl al-Ma'un. Tauni iliwachukua binti zake watatu, naye akakusanya hadithi, fatwa na tarehe za maradhi hayo. Aeleza kuwa Kairo, mwaka 1430, watu walifunga siku tatu, wakatoka jangwani kwa wingi kuomba dua. Kabla yake maiti hawakufika 40 kwa siku; mwezi haukwisha wakapita 1,000. Sheikh hakuificha hesabu hiyo. Alidhani tauni ni mchomo wa majini. Matabibu wa leo watwambia ni bakteria waenezwao na viroboto. Lakini ukweli wa kalamu yake haujachakaa.

Nasi pwani tulipitiwa na ndui na kipindupindu. Yaliyoandikwa na yakusanywe. Yaliyo vifuani mwa wazee na yaandikwe.