Bima ya mtoto ianzie darasani

Wanachuo wenzangu, sisi tunaandikishwa bima kwa pamoja tunapojisajili chuoni: mzima na mgonjwa, wote Sh 50,400 kwa mwaka. Ndiyo maana mfuko unatubeba. Toto Afya Kadi nayo ilikuwa na bei hiyohiyo, lakini Machi 2023 NHIF ilisitisha usajili wa mtoto mmoja mmoja. Ilisema wazazi wengi wanakata kadi mtoto akishaumwa. Hoja hiyo naielewa: bima ya wagonjwa watupu haisimami.

Ila tusiwalaumu wazazi haraka. Kwetu Gungu, mama anayeanika dagaa mwaloni Kibirizi, akiwa na watoto wanne, kwa bei ile anatakiwa atoe Sh 201,600 kwa mkupuo. Na mwaka 2024 uvuvi ulifungwa ziwani tangu katikati ya Mei hadi katikati ya Agosti, samaki wazaliane. Miezi hiyo hela aitoe wapi? Kwa sera, matibabu ya bure ni ya mtoto wa chini ya miaka mitano. Anapoingia darasa la kwanza msamaha umekwisha, malaria haijaisha.

Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote ilipitishwa 2023. Naomba kwa watoto itekelezwe kupitia shule: darasa zima liandikishwe, mzazi alipe kidogokidogo dagaa wakipatikana, asiye na uwezo alipiwe na serikali. Sisi tunaosomea ualimu ndio tutakaoita majina asubuhi. Mtoto asipoitika, tusiishie kumwandika mtoro.