Mama na Jiko Lake: Tarti ya Malimau



Juma hili twataka kuwaambia habari ya chakula kitamu, na pia habari ya deni. Mtastaajabu, kwa kuwa mambo hayo mawili hayafanani. Lakini anayekaa mjini ajua vema kwamba mara nyingi huingia nyumbani kwa mlango mmoja na siku moja: siku ya Ubatizo, siku ya Komunyo ya kwanza, siku ya ndoa.

Mama mmoja wa mtaa wetu alitaka binti yake awe na keki siku ya Komunyo yake. Watoto wa majirani walikuwa nayo, wake angekosaje? Akaenda kwa mwokaji wa mjini, akakopa. Keki ililiwa kwa nusu saa. Deni lilikaa mpaka karibu na Noeli, na katika miezi hiyo karo ya shule ilichelewa. Basi, yule mtoto aliyefanyiwa karamu ndiye aliyerudishwa nyumbani kutoka darasani. Hatumcheki mama huyo. Alitenda kwa upendo, na upendo wa mama sikuzote haujui hesabu. Lakini wazee walikwisha kusema: kukopa harusi, kulipa matanga. Twauliza basi: je, hakuna njia ya kumfurahisha mtoto bila kumkopea?

Njia ipo, nayo imo jikoni mwetu. Malimau, ambayo wengi wetu huyaita ndimu, hupatikana sokoni kwa bei ndogo, na wengine wanao mti nyuma ya nyumba. Kwa malimau matatu, mayai matatu, unga, siagi na sukari, mama aweza kufanya tarti iliyofunikwa povu jeupe, ambayo wageni wataisifu kabla ya kuionja.

Chakula hiki si cha jana. Povu la ute wa mayai na sukari, ambalo Wafaransa huliita merenge, liliandikwa na mpishi wao François Massialot katika kitabu cha mwaka 1692. Huko Philadelphia, katika nchi ya Marekani, mwanzoni mwa karne ya 19, palikuwa na mwanamke aitwaye Elizabeth Goodfellow, mwenye duka la vyakula vitamu na shule ya mapishi. Wengi husema kwamba ndiye aliyeanza kuifunika tarti ya malimau kwa povu hilo. Mwanafunzi wake, Eliza Leslie, alitoa kitabu cha mapishi mwaka 1828, na hivyo maarifa ya jiko la mwalimu wake hayakuzikwa pamoja naye. Tukumbuke jambo hilo sisi tulio na mabinti: mapishi yasiyofundishwa hufa.

Kabla ya kuwasha moto, tuseme neno juu ya mayai. Zamani, katika makabila mengi ya sehemu zetu, wanawake na watoto walikatazwa kula mayai. Desturi hiyo imepungua, lakini kivuli chake kipo bado: mayai huwekewa wageni, au hupelekwa sokoni, na mtoto mchanga aliyeachishwa ziwa hupewa bukari na majani matupu. Basi twasema wazi: kama mayai matatu ndiyo yote yaliyomo nyumbani, na mtoto wako mdogo ni dhaifu, acha tarti. Chemsha mayai, mpe mtoto. Tarti ni furaha ya siku kubwa. Yai la mtoto ni deni la kila juma, nalo ndilo deni la kwanza kulipwa.

Sasa tuingie kazini.

VITU VINAVYOTAKIWA (kwa watu wanane)

Kwa ganda la chini: unga wa ngano gramu 200, yaani bilauri moja na nusu ya robo lita, siagi au margarini ngumu gramu 100, sukari kijiko kimoja cha mezani, chumvi kidogo, maji baridi vijiko vitatu au vinne.

Kwa uji wa malimau: malimau matatu makubwa, yatakayotoa maji ya sentilita 10, maji safi sentilita 30, sukari gramu 150, wanga wa mahindi gramu 40, yaani vijiko vitano vya mezani vilivyosawazishwa, viini vitatu vya mayai, siagi gramu 30.

Kwa povu: ute wa mayai yale yale matatu, sukari gramu 100, yaani nusu bilauri, matone machache ya limau.

Wanga tunaoutaja ni ule mweupe na laini sana, ambao watu huuita maizena. Unga wa bukari haufai, kwa sababu hufanya chenga. Unga wa muhogo nao haufai, kwa sababu huvutika kama ulimbo.

KAZI YENYEWE

Kwanza, ganda. Changanya unga, sukari na chumvi. Katia siagi vipande vidogo, uisugue katika unga kwa ncha za vidole mpaka ufanane na mchanga. Nyunyiza maji kidogo kidogo, ukusanye donge, wala usilikande kama mkate, maana likikandwa sana huwa gumu. Lifunike, lipumzike nusu saa mahali pa baridi. Kisha lisukume kwa chupa safi juu ya meza yenye unga, ulitandaze ndani ya sahani ya bati yenye upana wa sentimita 23 hivi za kipimo cha rula, yaani shibiri moja na kitu. Litoboe kwa uma, tandika karatasi safi juu yake, weka maharagwe makavu ili lisivimbe, ulioke dakika 15. Ondoa karatasi na maharagwe, ulirudishe motoni dakika nane au kumi, mpaka liwe kavu na rangi ya dhahabu.

Asiye na tanuri ya umeme asikate tamaa. Twaa sufuria kubwa nzito, tia mchanga mkavu uliooshwa, kina cha vidole viwili, uiweke juu ya mbabula yenye makala yaliyoshika vizuri. Funika kwa bati bapa, weka makala mengine juu ya bati. Acha ipate moto robo saa, ndipo uingize sahani yako juu ya mchanga. Acha upenyo mdogo kando ya kifuniko ili mvuke utoke. Mwenye tanuri na aiweke katika digrii 180. Nanyi, akina mama, mbabula iwakayo isiingizwe kamwe katika chumba kilichofungwa, hata mvua inyeshe. Hewa ya makala haina harufu ya kutuonya, nayo huua watu usingizini.

Pili, mayai. Tenga ute na viini kwa uangalifu. Vunja kila yai kwanza juu ya kikombe kidogo, ndipo umimine katika bakuli. Hivyo yai bovu halitaharibu mengine. Tone moja la kiini au la mafuta likiingia katika ute, povu halitasimama.

Tatu, uji. Kwaruza ganda la juu la malimau mawili, lile lenye rangi tu, maana sehemu nyeupe ni chungu. Kamua maji yake, uyaweke kando. Katika sufuria changanya wanga na sukari, tia maji safi kidogo kidogo huku ukikoroga, uweke motoni. Koroga bila kuacha mpaka uji uwe mzito na kutokota. Chukua vijiko vichache vya uji huo wa moto, uvitie katika viini huku ukikoroga upesi, ndipo urudishe yote sufuriani. Acha itokote tena dakika moja nzima au mbili, ukikoroga. Epua. Tia siagi, maganda yaliyokwaruzwa, na mwisho kabisa maji ya malimau. Mimina ukingali wa moto katika ganda lililookwa.

Nne, povu. Afadhali ute uwe umepigwa kabla kidogo, na mtu mwingine, wakati wewe unakoroga uji. Hapo ndipo binti yako apate kazi. Mpe uma mbili zilizofungwa pamoja, na bakuli la kioo au la bati lililooshwa mafuta yote. La plastiki hushika mafuta hata likioshwa. Apige ute pamoja na matone ya limau mpaka uwe povu laini, ndipo atie sukari kijiko kwa kijiko, akipiga daima, mpaka povu ling'ae na kusimama kama vilele vya Ruwenzori. Mkono utauma. Wapokezane.

Tandaza povu juu ya uji wenye moto bado, ukianzia pembeni, na lishikane na ganda pande zote. Rudisha tarti motoni kwa dakika 15 hivi, makala mengi yakiwa juu na machache chini, mpaka povu liwe na rangi ya kahawia hafifu. Kisha iache ipoe muda wa saa tatu kabla ya kuikata.

MAKOSA, NA SABABU ZAKE

Sisi wenyewe mara ya kwanza tuliiharibu. Ilikuwa siku ya Ubatizo. Tarti ilipendeza machoni, wageni wakaizunguka, tukatia kisu, na tazama, uji ukatiririka mezani kama mchuzi. Wageni walikuwa wapole: wakaomba vijiko. Baadaye tulijifunza sababu. Ndani ya kiini cha yai mna kimeng'enya, yaani kitu kivunjacho wanga. Kisipouawa kwa moto, huendelea na kazi yake kimya kimya, na uji uliokuwa mzito huwa maji. Nasi tuliogopa kuunguza, tukaepua mapema. Ndiyo maana twawasihi: baada ya kutia viini, uji utokote tena. Ukali wa limau nao hulegeza wanga ukichemshwa nao. Kwa sababu hiyo maji ya malimau hutiwa mwishoni.

Kama maji yamejikusanya kati ya povu na uji, povu liliwekwa juu ya uji uliokwisha poa, na upande wake wa chini haukuiva. Kama matone ya rangi ya asali yametokea juu, limekaa motoni kupita kiasi. Kama limejikunyata katikati, halikushikana na ganda pembeni.

Tarti hii iliwe siku ile ile. Katika nchi zetu za joto mayai hayangoji. Mama mjamzito na mtoto mdogo wapewe tu ile ambayo povu lake limeiva mpaka ndani.

MEZANI

Limebaki jambo moja, nalo kwetu ni kubwa kuliko unga na sukari. Tarti ikatwe vipande vinane sawasawa, mbele ya macho ya wote. Tumeona nyumba ambamo baba na wageni hula, watoto hupata makombo, na mama pamoja na binti aliyepiga povu hulamba bakuli jikoni. Mume Mkristo asikubali. Siku hiyo yeye mwenyewe atwae kipande cha kwanza, ampe mtoto wa Komunyo. Cha pili ampe mkewe, naye mama akae kitini, ale pamoja na wageni wake. Wazee wengine watanung'unika. Wakionja, watanyamaza.

Yule mama wa mtaa wetu ana binti wa pili. Komunyo yake ilipofika, tulimwona sokoni akichagua malimau, akiyapima mkononi moja moja ili apate yale mazito yenye maji mengi. Hakukopa kitu. Povu la tarti yake liliungua kidogo upande mmoja, naye akakata kipande hicho akajiwekea. Binti alikiona, akavibadilisha vipande viwili hivyo, kisha akala kile kilichoungua bila kusema neno.

Juma lijalo tutasema juu ya maji ya kunywa na namna ya kuyatunza nyumbani. Mungu abariki meko yenu.